Kiatisuk Senamuang, kocha aliyeirejesha Thailand kileleni

Kiatisuk Senamuang, aliyezaliwa 1973, alikuwa mfumania nyavu mahiri wa Thailand kabla ya kugeukia ukufunzi. Mwaka 2014 alikuwa mtu wa kwanza kutwaa Kombe la Kusini-Mashariki mwa Asia akiwa mchezaji na pia kocha. Ushindi wenyewe ulipatikana kwa jasho: katika marudiano ya fainali jijini Kuala Lumpur, Malaysia iliongoza 3-0 hadi dakika ya 82, ndipo vijana wake wakafunga mawili na kushinda 4-3 kwa jumla. Walilihifadhi taji 2016.

Hayo hayakumwokoa. Alijiuzulu Machi 2017, Thailand ikiwa na alama moja tu katika mechi saba za mchujo wa Kombe la Dunia. Mwaka 2021 alirejea Hoang Anh Gia Lai ya Vietnam, klabu aliyoichezea zamani. Ilikuwa ikiongoza ligi msimu ulipofutwa kutokana na korona.