Mashini S160: Toka Vita Hata Amani

Vita havishindwi kwa bunduki peke yake. Askari asiyepata chakula, risasi na dawa, nguvu zake zaisha upesi. Katika Vita Kuu ya Pili vitu hivyo vilichukuliwa sana kwa gari la moshi. Basi tutazame mashini moja ya mvuke iliyofanya kazi hiyo, jina lake S160.

Marekani iliingia vitani mwezi wa Desemba 1941. Wakubwa wa jeshi walijua kwamba watakapofika Ulaya watakuta reli zimevunjwa na mashini zimeharibika. Kwa hiyo Meja J. W. Marsh alichora mashini mpya yenye magurudumu makubwa manane na madogo mawili mbele. Haikuwa na mapambo yo yote. Ilifanywa ndogo, ili ipite chini ya madaraja ya Uingereza, ambayo ni ya chini. Tena nyepesi, isivunje reli dhaifu. Viwanda vitatu, Alco, Baldwin na Lima, vilitengeneza 2,120 tangu 1942 hata 1946, zote za namna moja, hata chuma cha moja kiliweza kuponya nyingine.

Karibu 400 zilisaidia kwanza reli za Uingereza. Nyingine zilingojea Wales. Nyingine tena zilitumika Afrika ya Kaskazini na Italia. Baada ya tarehe 6 Juni 1944, zile za Uingereza zilivushwa kwenda Ufaransa, zikafuata majeshi.

Lakini haraka ina hasara yake. Kioo cha kupimia maji kilikuwa kimoja tu, na bomba zake zilifungwa kwa parafujo. Bomba la juu lisipofunguliwa sawasawa, kioo kilionyesha maji mengi, kumbe ndani yamepungua. Hapo bati la juu ya moto hubaki bila maji, hulainika na kubomoka, na mvuke huwarukia watu. Ndivyo ilivyotokea Honeybourne, Uingereza, Novemba 1942, na mfanyakazi mmoja akafa. Ajali za namna hiyo zilitokea tena. Mashini iliweza kuwa nzuri, lakini bila kumfundisha mtu vizuri ilikuwa hatari.

Vita vilipokwisha, mashini hizi hazikutupwa. Polandi ilipata zaidi ya 500, Hungaria zaidi ya 480, Italia zaidi ya 240; nyingine zilikwenda Uturuki, Ugiriki, China na Korea. Katika nchi zilizobomolewa zilichukua makaa, nafaka na mawe ya kujengea. Zilizotengenezwa kwa miaka michache ya vita, nyingi zilifanya kazi miaka ishirini na thelathini.

Sababu ya kudumu kwao ni ile ile iliyowafaa askari: zilikuwa rahisi kutengeneza, na zilipita po pote. Fundi wa Budapest aliihitaji mashini ya namna hiyo kama vile askari alivyoihitaji.