Kiwiko kilichovunjika kikichelewa kuunga: Namba za kwenye cheti cha hospitali zina maana gani?

Mtoto ameanguka kutoka kwenye mwembe na kuvunjika kiwiko. Amefungwa P.O.P, wiki zimepita, na sasa imefunguliwa. Lakini bado analalamika maumivu, na picha ya eksirei inaonyesha mwanya kwenye mfupa. Kwenye cheti daktari ameandika S42.4, na chini yake M84.2. Maandishi hayo ni nini, na yana faida gani kwako?

Namba hizi zinatoka wapi?

Hiyo ni misimbo ya magonjwa ya Shirika la Afya Duniani, WHO. Orodha yake hujulikana kama ICD. Toleo la 10 lilianza kutumika mwaka 1994. Toleo la 11 lilianza rasmi tarehe 1 Januari 2022, lakini nchi zinahamia huko hatua kwa hatua, kwa hiyo toleo la 10 bado linatumika sehemu nyingi. Lengo ni kila hospitali iandike ugonjwa uleule kwa namna moja, ili takwimu, rufaa na madai ya bima yaeleweke popote.

Kiwiko kina misimbo mingapi?

Kiwiko ni mahali mifupa mitatu inapokutana, na kila mmoja una msimbo wake ukivunjika:

- S42.4: ncha ya chini ya mfupa wa mkono wa juu.
- S52.0: ncha ya juu ya mfupa wa kigasha ulio upande wa kidole kidogo. Hii ndiyo ncha unayoegemea mezani.
- S52.1: ncha ya juu ya mfupa wa kigasha ulio upande wa kidole gumba.

Misimbo hii inasema mfupa umevunjika wapi. Haisemi unaendeleaje kupona. Kwa hilo kuna misimbo mingine:

- M84.2: mfupa unachelewa kuunga.
- M84.1: mfupa haukuunga.
- M84.0: mfupa umeunga vibaya, kwa mfano umepinda.

Kuchelewa na kutounga si kitu kimoja. Mfupa unaochelewa bado una matumaini ya kuunga kwa uangalizi na muda zaidi. Usiounga mara nyingi huhitaji upasuaji, kama kuwekewa vyuma au kupandikiziwa kipande cha mfupa.

Mbona kwenye simu naona herufi mwishoni?

Ukitafuta misimbo hii mtandaoni, unaweza kukutana na kurasa za Marekani. Nchi hiyo ina toleo lake, lililoanza kutumika tarehe 1 Oktoba 2015, ambalo huongeza herufi mwishoni mwa msimbo wa mvunjiko wenyewe. Kwa mvunjiko usio na kidonda, D ni mfupa unaoendelea kuunga kawaida, G ni unaochelewa, K ni usiounga na P ni uliounga vibaya. Kwa hiyo S42.401G ni mvunjiko wa ncha ya chini ya mfupa wa mkono wa juu wa kulia, unaochelewa kuunga. Usishangae herufi hizo zisipokuwepo kwenye cheti chako.

Kuna tofauti gani isipoandikwa?

Anayejaza misimbo hatakiwi kukisia. Anafuata alichoandika daktari. Daktari akiandika tu "amevunjika kiwiko", cheti kitaonekana kama cha ajali mpya. Hospitali ya rufaa inaweza kuanza upya, na bima inaweza kuhoji kwa nini mgonjwa anapigwa eksirei tena au anapelekwa kwenye upasuaji.

Kwa mtoto, muda una thamani kubwa. Mvunjiko wa upande wa nje wa kiwiko unajulikana kwa kuchelewa kuunga, kwa sababu misuli huvuta kipande kilichovunjika na maji ya kwenye kiungo hupita katikati ya mwanya. Ukiachwa, mkono unaweza kukua ukipinda kuelekea nje. Miaka mingi baadaye, mshipa wa fahamu unaopita nyuma ya kiwiko unaweza kuvutika, na kidole kidogo na cha pete vikaanza kufa ganzi.

Ufanye nini?

- Tunza cheti, barua ya rufaa na picha zote za eksirei. Picha ya zamani ikiwekwa kando ya mpya ndiyo inayoonyesha kama mfupa unasogea kuunga.
- Andika tarehe ya ajali na tarehe ya kufungwa P.O.P. Vipigie picha vyeti kwa simu yako.
- Muulize daktari: "Mfupa unaunga kawaida, unachelewa, au haujaunga?" Mwombe aandike jibu kwenye cheti, na aeleze ni mkono upi.
- Mweleze kama mgonjwa ana kisukari, anavuta sigara, au mkono uliwahi kukandwa au kufungwa kienyeji. Hayo yote yanaweza kuathiri uponaji.
- Usiruke tarehe ya kurudi kliniki hata kama maumivu yamepungua.

Vidole vikiwa vya baridi, vikibadilika rangi au kufa ganzi, au maumivu yakizidi ndani ya P.O.P, usisubiri tarehe ya kliniki. Nenda kituo cha afya siku hiyohiyo.