Kinubi cha Burma na Babu Zetu wa Keya

Wenzangu wa kalamu, iko filamu ya Kijapani iitwayo Kinubi cha Burma. Aliitengeneza Kon Ichikawa mwaka 1956 kutokana na riwaya ya Michio Takeyama. Nimeitazama hapa hapa Sepuka, kwenye simu, mara tatu. Ngumi hakuna, mbio hakuna. Mwaka 1945 kikosi cha Wajapani kimezingirwa msituni, kinaimba wimbo wa kukumbuka nyumbani. Ghafla maadui gizani wanaupokea wimbo ule ule kwa Kiingereza. Kumbe vita vimeshakwisha! Mpiga kinubi wao, Mizushima, hatarudi tena kwao. Anabaki kuzika maiti zilizozagaa.

Wee, nililia. Lakini macho yangu yalikuwa yanawatafuta wetu, na sikumwona hata mmoja.

Maana Burma hiyo hiyo babu zetu walikuwepo. Divisheni ya 11 ya Afrika Mashariki, yenye askari wa Keya kutoka Tanganyika, Kenya, Uganda na Nyasaland, ililipita bonde la Kabaw katikati ya mvua kubwa za mwaka 1944. Tope, malaria, magari kukwama. Desemba wakaingia Kalewa, kando ya mto Chindwin. Wengine makaburi yao yako Imphal, India, na Taukkyan, karibu na Yangon.

Muziki nao walikuwa nao. Jeshi lilikuwa na kikundi chake cha burudani, na Fundi Konde, mpiga gitaa wa pwani ya Kenya, alikuwa humo. Baada ya vita sauti yake ikaingia kwenye santuri.

Sasa kinachonisumbua ni ule wimbo wa msituni. Muziki wake aliutunga Mwingereza, Henry Bishop, mwaka 1823, na Wajapani walifundishwa shuleni kwa maneno yao. Ndiyo maana maadui wale waliweza kuitikiana. Je, kijana aliyetoka Singida, asiyewahi kuusikia, angeitikia nini?

Nataka kumwandika kijana huyo. Ila wa kumuuliza ni nani? Aliyekuwa na miaka 20 mwaka 1944 leo ameshapita 100. Kwa hiyo naanza na nilichonacho: usiku, mvua, mzigo begani, Wazungu na Wajapani wanaimbiana, naye amesimama nyuma ya mti akisikiliza. Mdomo anaufungua. Wimbo wake bado nautafuta kwa bibi wa hapa kijijini, mmoja mmoja.