Mizinga ya Magome ya Katanga

Bayeke walipohamia Katanga kutoka Unyamwezi, katikati ya karne ya 19, walifuata pembe na shaba, si nyuki. Hata hivyo walitoka nchi ya mizinga, na pori walilolikuta Bunkeya lilikuwa la miombo kama la kwao, wenyeji wakirina asali humo tangu zamani. Mfalme wao, Msiri, aliuawa Desemba 1891. Mwaka 1910 Wabelgiji wakapima viwanja vya Élisabethville, Lubumbashi ya leo.

Fundi wa mzinga hungoja mvua, maana kiangazi gome halibanduki. Huchagua mti ulionyooka, akaukata kuuzunguka juu na chini, umbali wa kama mita moja, akapasua kwa urefu na kubandua. Gome hujikunja lenyewe. Yeye hulibana kwa vijiti, akaziba ncha kwa majani makavu, akaupandisha mzinga kwenye panda ya mti mwingine. Ule uliovuliwa gome hufa. Ndiyo sababu mabwana misitu huulaumu sana mzinga huu.

Mimi naona lawama imepotea njia. Mwaka 1911 tanuru la shaba liliwashwa mjini Élisabethville, na upepo wa kusini-mashariki ukawa unapeleka moshi wake eneo la Penga Penga, miti ikafa, udongo ukajaa metali. Kisha makala, yaani makaa ya miti. Bwawa la Mwadingusha linatoa umeme tangu 1930, lakini sufuria za mitaa ya Katuba na Ruashi bado zinachemkia mbabula, jiko la makala. Kampuni ya madini ya Gécamines ilipoanguka miaka ya 1990, wengi waliokosa mshahara waliingia porini na shoka. Na mchoma makala anapenda mutondo, mti uleule ambao maua yake, mvua zikielekea kwisha, huwapa nyuki asali ya mwezi wa tano na wa sita. Mrina asali huua mti mmoja apate mzinga wa misimu kadhaa. Tanuri moja la makala humeza miti mingi kwa mara moja. Kisiki huchipua, ni kweli, ila chipukizi huchukua miaka kabla ya kutoa maua, na mara nyingi shoka hurudi mapema zaidi.

Ng'ambo ya mpaka, kule Kabompo nchini Zambia, asali ya mizinga hiihii ya magome ilifika soko la Ulaya miaka ya 1990, ikiwa na cheti kwamba haina kemikali. Ya kwetu huuzwa barabarani katika chupa zilizokwisha kutumika. Mnunuzi huipindua chupa, akaangalia povu linavyopanda, kisha akauliza: “Papa, hukutia sukari?” Bei huanzia hapo, nayo hushuka.