Ukuta Usio na Chokaa: Tarehe ya Thimlich Ohinga

Ukiomba kusimuliwa asili ya Kisumu, mara nyingi utaanziwa na reli. Desemba 1901 reli kutoka Mombasa ilifika ukingoni mwa ziwa, na mahali pale pakapewa jina la Port Florence kwa heshima ya Florence Preston, mke wa mhandisi Ronald Preston. Mwaka uliofuata jimbo lote la upande huu likaondolewa Uganda na kutiwa chini ya utawala wa Afrika Mashariki. Wakaja wenye maduka kutoka Bara Hindi, zikaja meli, zikaja ofisi za serikali na kambi za askari. Hayo yote ni kweli. Lakini anayeanzia hapo huuchukua mwisho wa hadithi akaufanya mwanzo. Kusini mwa Ghuba ya Winam watu walikuwa wamekwisha kujenga kwa mawe, wakawa na malango, walinzi, wahunzi na taratibu za kukaa pamoja, karne tatu kabla ya mataruma ya reli kulazwa katika nchi ya Wajaluo. Tarehe hii ni yao.

Mahali penyewe ni Thimlich Ohinga, katika kaunti ya Migori, kilomita 46 hivi kaskazini magharibi mwa mji wa Migori. Anayetoka Kisumu hupita Katito, Kendu Bay na Homa Bay, akashika njia ya Ndhiwa. Kilima chenyewe hakitishi, ni mwinuko wa kawaida wenye miti na mawe mengi yaliyotapakaa. Juu yake zimesimama kuta za maboma manne makubwa: Kochieng, Kakuku, Koketch na Koluoch. Majina hayo ni ya koo za watu, si ya wafalme. Kochieng ndilo kubwa kuliko yote na ndilo lililohifadhika vizuri zaidi. Inakadiriwa kwamba kuta hizi zilianza kuinuliwa katika karne ya 16, na wapo wataalamu wanaozirudisha nyuma zaidi ya hapo.

Nataka nikae kidogo kwenye ukuta, kwa maana ukuta ndio kitabu walichotuachia. Kimo chake ni kati ya mita 1.5 na mita 4.5, na unene wake kwa wastani ni mita moja. Hakuna chokaa, hakuna udongo wa kushikanisha, hakuna jiwe lililochongwa kwa tindo ili lilingane na jirani yake. Waashi wake waliokota mawe ya kilimani, ya kila umbo na kila ukubwa, wakayachagua moja moja. Walijenga nyuso mbili, uso wa nje na uso wa ndani, kwa mawe makubwa yanayoumana, na katikati wakajaza mawe madogo yanayozishika nyuso zote mbili zisiachane. Uzito wa jiwe la juu ndio unaolibana la chini. Ukuta hauendi mstari ulionyooka, unapinda na kujikunja, na mpindo huo ni sehemu ya nguvu zake, kwa sababu ukuta mrefu ulionyooka usio na chokaa huinama upesi. Fundi wa leo anayejua kupanga mawe makavu, hata kwa ukuta mfupi wa shamba, ataelewa kwamba kazi hii haikufanywa na watu waliokuwa wakibahatisha. Palikuwa na mabingwa, na mabingwa walikuwa na wanafunzi, maana ujuzi huu haukuishia kilima kimoja. Katika nchi hii ya kusini mwa ghuba yamehesabiwa majengo ya mawe zaidi ya 500, katika sehemu zaidi ya 130.

Malango ni membamba na mafupi. Juu yake yamelazwa mawe marefu bapa yanayofanya kazi ya linta, na hayo ndiyo yaliyobeba uzito wa ukuta hadi leo. Anayeingia hulazimika kuinama. Mgeni wa heri huinama akapita. Mwizi wa ng'ombe huinama pia, na hapo shingo yake iko mikononi mwa mlinzi aliye ndani. Karibu na lango palikuwa na mahali pa juu pa kusimama na kutazama bonde. Nchi ilikuwa na hatari za kweli. Ng'ombe walikuwa mali, mahari na heshima ya mtu, na majirani waliowataka walikuwa wengi. Usiku kulikuwa na fisi na chui. Ukuta mmoja uliwajibu maadui wote hao.

Ndani ya ukuta mkubwa mna kuta ndogo. Yapo mazizi ya ng'ombe, vijia vinavyounganisha sehemu na sehemu, na mabonde madogo ya duara ardhini yanayoonyesha mahali nyumba za udongo na nyasi ziliposimama. Yapo mawe ya kusagia nafaka. Lipo jiwe lenye safu za vishimo vya mchezo wa ajua, ule ambao pwani tunauita bao. Wazee walikaa hapo wakicheza huku ng'ombe wakirudishwa zizini. Anayetaka kuelewa mpango wa nyumba hizo bila kubahatisha na aende Makumbusho ya Kisumu, yaliyofunguliwa mwaka 1980, akatazame boma la Kijaluo lililojengwa pale kwa jina la Ber-gi-dala. Ataona nyumba ya mke wa kwanza ikilitazama lango, nyumba za wake wengine zikifuata kwa daraja, simba, yaani vibanda vya vijana wa kiume, zikiwa karibu na lango, na ghala za nafaka uani. Mpango huo wa dala, yaani boma la familia, ulikuwa ndani ya mawe kabla haujazungushiwa ua wa miti. Jiwe lilikuwa koti tu la nje, na utaratibu wa nyumba ndio uliokuwa mwili.

Upande mmoja wa Kochieng walikaa wahunzi. Mabaki ya tanuri yameonekana, na vipande vya mirija ya udongo iliyopeleka upepo wa mivukuto, na mavi ya chuma yaliyomwagwa baada ya kuyeyusha. Bila mhunzi hakuna jembe, hakuna mkuki, hakuna shoka la kukatia miti ya paa. Zimepatikana pia shanga za kioo, na shanga za kioo hazitengenezwi kilimani hapa. Zilifika kutoka mbali, mkono hadi mkono, soko hadi soko, mpaka zikafungwa shingoni mwa mtu ambaye pengine hakupata kuiona bahari. Kwa hiyo wale wanaosema watu wa ziwa waliishi wamejifungia hadi reli ilipowafungulia dunia, na wazitazame shanga hizo.

Hapa nasema wazi kwamba naiita Thimlich mji. Najua wapo watakaosema ni boma la mifugo lililokuzwa. Lakini tuwatazame wale ambao hakuna anayebishana juu ya miji yao. York, kaskazini mwa Uingereza, ilizungushiwa ukuta wa mawe, na sehemu kubwa ya ukuta unaoonekana leo ni kazi ya karne ya 13 na ya 14. Malango yake makuu, Micklegate, Bootham, Monk na Walmgate, yalikuwa na walinzi na yalifungwa usiku. Mafundi wa kila kazi walikuwa na chama chao, na wafanyabiashara wa York walianza kujenga jumba lao la mikutano mwaka 1357, jumba linalosimama hadi leo. Ndani ya kuta hizo waliishi maelfu ya watu, nguruwe na kuku wakizurura vichochoroni, na tauni ya mwaka 1349 ikaua sehemu kubwa ya wakaazi. York ilikuwa na maandishi, na makarani walioandika nani kalipa kodi na nani kapigwa faini. Tofauti kubwa ya miji hii miwili ni wingi wa watu na karani, na wala si akili ya kujenga. Thimlich haikuwa na karani. Ilikuwa na wazee waliokariri nasaba, na Profesa Bethwell Ogot wa Gem alipoandika historia ya Wajaluo wa kusini, kitabu kilichotoka mwaka 1967, alionyesha dunia kwamba kumbukumbu za wazee zikipimwa na kulinganishwa ni ushahidi wa historia.

Jambo linalonishika zaidi katika tarehe ya Thimlich ni wenyeji wake. Waliouanzisha ukuta si lazima wawe ndio waliokufa ndani yake. Nchi hii ilikuwa njia kuu ya watu wanaohama. Walikuwapo Wabantu, wakaja Wajaluo kutoka kaskazini, wale ambao simulizi zao huwapitisha kilima cha Got Ramogi katika Siaya, kisha makundi yao yakavuka na kuzunguka ghuba kuja kusini. Kundi moja lilihama, jingine likaingia. Na kila kundi lililoingia lilikuta ukuta, likajua thamani yake, likainua mawe yaliyoanguka na kuyarudisha mahali pake. Mgeni angeweza kuubomoa ili ajenge kwa namna yake. Hakufanya hivyo. Alijifunza namna ya mwenzake aliyemtangulia, pengine wa lugha nyingine kabisa, akaendeleza mtindo uleule. Hivyo ndivyo ukuta usio na chokaa unavyodumu miaka mia nne: hausimami wenyewe, unasimamishwa tena na tena na watu wanaokubaliana kwamba unafaa.

Wala Thimlich haikuwa peke yake katika eneo la ziwa. Kaskazini mwa ghuba, Siaya, mawe yalipokuwa haba watu walijenga gunda bur, maboma ya kuta za udongo yenye handaki nje. Miongoni mwa Wabukusu maboma ya udongo yaliendelea hadi ukoloni ulipofika, na mwaka 1895 Waingereza wakiongozwa na Charles Hobley waliyavamia maboma ya Lumboka na Chetambe. Chetambe ilianguka kwa bunduki za rashasha, na watu wengi waliuawa pale. Kuta zilizotosha kwa mkuki hazikutosha tena.

Thimlich haikuanguka kwa vita. Mwisho wake ulikuja polepole. Mnamo 1890 sotoka iliua ng'ombe Afrika Mashariki nzima, na mali iliyokuwa ikilindwa na kuta ikapungua. Mwanzoni mwa karne ya 20 malale yaliua watu wengi ukingoni mwa ziwa, na tauni nayo ikaingia Kisumu, mji mpya. Utawala wa kikoloni ukapiga marufuku vita vya koo na uvamizi wa mifugo, ukaweka machifu, ukadai kodi. Mtu hakuwa tena na sababu ya kukaa amebanana na ukoo mzima nyuma ya mawe. Kila mwenye familia akatoka akafungua dala lake, akapanda ua wa miti iitwayo ojuok kuzunguka nyumba zake, akalima karibu. Kufikia katikati ya karne hiyo maboma yalikuwa yamebaki tupu, msitu ukirudi.

Kisha wakaja watafiti. Katika miaka ya 1960 majengo ya mawe ya Nyanza Kusini yalianza kuandikwa katika majarida ya akiolojia. Miaka ya 1980 Profesa Simiyu Wandibba alichimba na kupima Thimlich, na baada yake Isaya Onjala akafanya kazi kubwa ya kuyatafuta na kuyaeleza maboma mengine ya eneo hili. Mwanzoni mwa miaka hiyohiyo ya 1980 serikali iliitangaza Thimlich kuwa mnara wa taifa, ikawekwa chini ya Makumbusho ya Taifa ya Kenya. Mwaka 2000 iliingizwa katika orodha ya kimataifa ya World Monuments Watch, orodha ya majengo ya kale yaliyo hatarini, maana miti ilikuwa ikiota katikati ya mawe na kuyasukuma. Kazi ya kukarabati ikafuata, kwa mtindo uleule wa zamani, jiwe juu ya jiwe, bila saruji. Mwaka 2018, katika kikao kilichofanyika Manama, Bahrain, UNESCO ikaitangaza kuwa Urithi wa Dunia, mahali pa saba pa Kenya kupata hadhi hiyo, pamoja na Lamu, Fort Jesus na makaya ya Wamijikenda.

Hadhi hiyo inalinda kilima kimoja tu. Yale majengo mengine ya mawe, yaliyomo katika mashamba ya watu Migori na Homa Bay, hayana mlinzi wala kibao. Mwenye shamba akitaka mawe ya msingi wa nyumba, anayaona pale yamepangwa tayari. Simlaumu, maana hakuna aliyemwambia. Kaunti hizo mbili zinaweza kuwaita wenye mashamba, zikawaeleza walicho nacho, zikawaandika majina na kuwalipa wawe walinzi wa kuta zao. Na walimu wa Kisumu, ambao kila mwaka huwapakia wanafunzi mabasini kwenda Mombasa kutazama Fort Jesus ya Wareno, wapange pia safari ya Thimlich. Ni mwendo wa saa chache. Watoto wauone ukuta uliojengwa na watu wa ziwa lao, kisha warudi waulizwe darasani umri wa nchi yao.