Nani aliyemgeuza mama wa kambo kuwa mchawi?

Muhula uliopita, baada ya kutazama filamu ya Snow White darasani hapa Timau, mwanafunzi wangu mmoja alinijia kando. "Mwalimu, ati mama wa kambo wote huwa hivyo?" Babake alikuwa ameoa tena majuzi. Nilimjibu kwa historia.

Ndugu wawili Wajerumani, Jacob na Wilhelm Grimm, walipoichapisha ngano hiyo mwaka wa 1812, malkia aliyetaka binti auawe alikuwa mama mzazi. Ni katika toleo la 1819 ndipo alipogeuzwa kuwa mama wa kambo. Wataalamu wengi husema nia ilikuwa kulinda heshima ya mama mzazi. Filamu ya Walt Disney ya 1937 ilimchukua huyo wa pili na kumsambaza duniani kote. Kumbe ubaya wenyewe alibandikwa tu!

Filamu za baadaye zimejaribu kumsafisha. Katika Stepmom (1998), Julia Roberts na Susan Sarandon wanaigiza wanawake wanaojifunza kulea watoto walewale. Hata hivyo, ilibidi mama mzazi augue saratani ndipo mwenzake apate nafasi. Naye baba wa kambo? Katika Daddy's Home (2015) yeye ni wa kuchekwa. Mama huogopwa, baba huchekwa. Ni nadra kuwaona wakiwa walezi wa kawaida tu.

Lugha yetu nayo haijatakata. Husemwa kwamba mama wa kambo si mama, na neno "kambo" pekee linatosha kumtilia mtu shaka. Lakini tuna neno jingine. Mama mdogo, ambaye kwa desturi ni dada mdogo wa mama, huku kwetu bara huwa pia mke mdogo wa baba. Jina hilo halimtoi nje ya nyumba. Linampa cheo ndani yake. Kwa hivyo, anayesimulia filamu kwa Kiswahili akiteua "mama wa kambo" au "mama mdogo", ashamhukumu mhusika kabla hajatenda lolote.

Nilimuuliza yule mtoto yeye humwitaje mke wa babake.

"Bado sijamwita kitu, Mwalimu."

Nikamwambia asiharakishe. Amtazame kwanza anavyoishi naye, kisha achague jina mwenyewe. Asichaguliwe na filamu.