Mnakili Nyuma ya Kitabu: Kazi ya Muhamadi Kijuma na Habari za Liongo

Mji wa Kau umo ukingoni mwa mto Ozi, juu kidogo ya Kipini. Mfereji wa Belezoni, uliochimbwa katika karne ya 19, uliunganisha mto huo na Tana. Hiyo ndiyo nchi ya Fumo Liongo: magofu ya Shaka na Ungwana yako pwani ya upande huo, na karibu na Kipini huonyeshwa kaburi linalosemekana kuwa lake.

Habari za shujaa huyo zilichapwa London na Edward Steere mwaka 1870. Tangu hapo wasomaji wamewajua wachapishaji kuliko watu waliowapa maandishi. Ndivyo ilivyo katika filamu pia: mchezaji hujulikana na wote, lakini jina la aliyevikata vipande vya picha na kuviunga hadi vikawa kisa kimoja husomwa na wachache. Katika fasihi ya Kiswahili, kazi kama hiyo ilifanywa na mnakili.

Muhamadi Kijuma alizaliwa Lamu yapata mwaka 1855, akafariki mwaka 1945. Alikuwa mshairi, mwandishi wa hati, mchonga mbao na mpiga kinanda. Mwaka 1913 alitunga utenzi wa Liongo. Mkate wa wishwa uliofichwa tupa, mwana aliyemsaliti babake, sindano ya shaba kitovuni: mambo hayo yalikuwa vinywani mwa watu tangu zamani. Kijuma aliyapanga kwa mizani minane, yakashikana.

Kunakili nako hakukuwa kazi ya mkono tu. Hati ya Kiarabu haikuwa na herufi za asili za p, g, ch wala v, na alama moja ya irabu yaweza kusomwa i au e, nyingine u au o. Hivyo neno moja laweza kusomwa kwa namna kadhaa, na msomaji asiyekijua Kiamu hupotea. Katika miaka ya 1930 Kijuma aliwaandikia William Hichens na Ernst Dammann tenzi na mashairi, pamoja na maelezo. Hichens alichapa Al-Inkishafi mwaka 1939. Dammann, aliyekaa Lamu mwaka 1936 na 1937, alitoa mkusanyo wake mwaka 1940. Majaladani yalikaa majina yao.

Jambo hili si la heshima tu. Anayezichunguza hati hizo kana kwamba ni sauti tupu ya washairi wa kale husahau kwamba zilipita mkononi mwa mtu aliyekuwa mshairi mwenyewe. Kabla ya kuamua lipi ni la mtunzi, yapasa kuijua desturi ya mnakili.

M. I. Abou Egl alimfanyia Kijuma utafiti wa shahada huko London mwaka 1983. Mwaka 2010 Gudrun Miehe na Clarissa Vierke walitoa kitabu cha maandishi yake. Safari hii jina la Muhamadi Kijuma liliwekwa jaladani, miaka 65 baada ya kufa kwake.